Karani

Obunga, saa kumi na moja alfajiri.
Gunia la mgongo wazi limeshushwa mlangoni:
vichwa, miiba, mikia. Minofu imebaki kiwandani,
kesho itapanda ndege kwenda kwa watu
wasiojua kwamba mbuta alikuwa na macho.
Sisi tumeachiwa macho.
Nawasha moto. Mafuta yanaanza kunong'ona,
na yeye amekwisha fika.

Amesimama ukingoni mwa mtaro,
mabega juu, mikono nyuma (ningesema mikono),
kipara kina madoa kama sufuria ya matanga,
na kifuani ule mfuko mwekundu unaning'inia
kama wa mtu aliyekuja kudai kodi.
Nilimwita Karani.
Hajakataa.

Mwaka wa mafuriko alikuja akichechemea.
Uzi wa nyavu ulikuwa umemzunguka mguu,
umezama hadi hauonekani.
Mama Akeyo akasema, mwache huyo,
korongo ni ndege wa jaa,
hula hata bandeji za hospitali.
Nikamvika gunia kichwani, nikambana kwa magoti,
mimi Dorina Aloo, na miaka yangu hamsini na saba,
nikakata kwa mkasi wa mapezi.
Alinidona hapa, chini ya kidole gumba. Tazama.
Kovu langu na kovu lake ni pacha.

Usidhani nilimfuga.
Mwezi wa nne alimeza kifaranga cha mjukuu wangu Hawi,
kizima, mchana kweupe.
Nilikiona kikishuka shingoni
kama mtu anayeshuka ngazi gizani.
Nilimrushia kuni yenye moto.
Nilimtukana kwa Kijaluo, nikamtukana kwa Kiswahili,
nikaishiwa na lugha.
Hawi alilia hadi usingizi ukamchukua na viatu miguuni.

Siku tatu alisimama ng'ambo ya reli.
Siku tatu nilikaanga nikiwa nimempa mgongo.
Ya nne nikajiuliza: na wewe, Aloo,
tangu asubuhi umepasua vichwa vingapi?
Nikatupa pezi mtaroni.
Sikugeuka kuona kama amelichukua.
Nilisikia.

Watu husema urafiki. Mimi sijui.
Nilipolala na homa hakuja kubisha hodi.
Sijui analala wapi, sijui ana mke au ana wake.
Ila jioni, mafuta yakipoa,
nikihesabu noti zinazonuka moshi
na hesabu inakataa, kama kawaida yake,
yeye husimama pale.
Haniulizi deni.
Haniulizi baba Hawi alipotelea mji gani.
Nami simuulizi nani alimpa sura ile.

Juma lililopita wamekata miti ya barabara ya Kakamega,
ile yenye viota,
eti vinyesi vinachafua magari.
Nilisikia msumeno nikiwa hapa, kijiko mkononi.
Makorongo walipaa wote kwa pamoja,
wakazunguka, wakazunguka,
kama majivu ya karatasi juu ya moto wa takataka,
halafu mbingu ikabaki na rangi yake tu.
Siku hiyo niliunguza karai mbili.

Leo nimewasha moto. Mtaro mtupu.
Jana pia, juzi pia.
Nikasema, haya basi, kila mtu na safari yake.
Nikageuza vichwa. Nikaongeza chumvi.

Halafu bati likalia juu yangu,
kwa. Kwa.
Miguu miwili, mmoja mzito kuliko mwenzake.

Hawi akatoka na blanketi mabegani.
Akaangalia juu, muda mrefu,
bila neno akazunguka nyuma ya nyumba,
akawafunika vifaranga kwa beseni,
juu ya beseni akaweka jiwe.
Kisha akaja kwenye gunia, akainama,
akaanza kuchagua pezi.
Dogo akalirudisha.